Fundi, soma hizi herufi tatu kabla ya kulehemu kapasita

AMPLIFAYA uliyotengeneza inaimba poa ikiwa mezani. Mteja anaifunga kwenye matatu, jua la saa nane linachoma bodi, inaanza kukoroma. Jioni amerudi, anataka doh yake. Kabla ulaumu spika, angalia kapasita za seramiki ulizoweka.

Ukiingia duka la spea pale Luthuli Avenue, Nairobi, ni rahisi kuuliza mambo mawili tu: mikrofaradi ngapi na volti ngapi. Swali la tatu ni la joto, na jibu lake liko kwenye kodi fupi kama X7R au Y5V.

Herufi ya kwanza ni baridi ya mwisho inayovumilia: X ni nyuzi 55 chini ya sufuri, Y ni 30 chini, Z ni 10 juu ya sufuri. Namba ya katikati ni joto la juu: 5 ni nyuzi 85, 6 ni 105, 7 ni 125. Herufi ya mwisho inasema uwezo wake utayumba kiasi gani: R ni asilimia 15 juu au chini, lakini V inaweza kupanda 22 ama kushuka hadi 82.

Sasa piga hesabu. Y5V ya mikrofaradi 10 kamili inaweza kubaki na 1.8 pekee, na haijaungua. X7R, kwa joto peke yake, haishuki chini ya 8.5.

Hizo zote ni daraja la pili. Daraja la kwanza ni C0G, ambayo wengine huiita NP0. Kutoka nyuzi 25 hadi 125 inabadilika asilimia 0.3 tu. Hii ndiyo ya kuweka kwenye sakiti za masafa ya redio. Shida ni kwamba haipatikani kirahisi kwa mikrofaradi nyingi.

Na usilale: kodi haisemi lolote kuhusu volti. Hata X7R ndogo inaweza kupoteza nusu ya uwezo ikipewa volti karibu na kikomo chake. Chukua yenye volti mara mbili ya unazohitaji, na umbo kubwa kidogo.

Zile ndogo za kahawia hazina maandishi, kwa hivyo mwambie muuzaji akuonyeshe lebo ya roli. Akikosa lebo, usiweke hiyo kitu kwa kazi ya mteja. Jina lako mtaani ni ghali kuliko kapasita.