Sifongo wanaokula nyama: majina yao yanahusu hata kobalti

Kwa miaka mingi vitabu vya biolojia vilifundisha kwamba sifongo ni mnyama mpole: anakaa pahali pamoja, anapitisha maji mwilini na kuchuja bakteria. Mwaka 1995, Jean Vacelet na Nicole Boury-Esnault, watafiti wa Marseille, walionyesha katika jarida la Nature kwamba si wote. Ndani ya pango la bahari karibu na La Ciotat, kusini mwa Ufaransa, kwenye kina cha mita 20 hivi, waliona sifongo anayekula nyama.

Huyo hana mfumo wa kuchuja maji. Ana nyuzi nyembamba zenye vindoano vidogo mno vya silika. Mdudu wa jamii ya kamba akizigusa, ananaswa. Halafu chembe za sifongo zinasogea, zinamfunika na kummeng'enya kwa siku kadhaa. Hana mdomo, hana tumbo, na bado anakula.

Ajabu ni kwamba ndugu zake walikuwa wameandikishwa zamani. Sars wa Norway alimpa mmoja jina la Cladorhiza abyssicola mwaka 1872, na mwaka 1922 Dendy akaunda familia ya Cladorhizidae. Waliangalia umbo la sindano na vindoano chini ya darubini, basi. Namna wanavyokula haikujulikana.

Yule wa pangoni aliitwa Asbestopluma hypogea mwaka 1996. Hypogea maana yake ni wa chini ya ardhi. Baadaye uchunguzi wa ADN ulipanga upya familia nzima, naye leo anaitwa Lycopodina hypogea. Ni kama mtu anayehamishwa ukoo lakini anabaki na jina lake la kuitwa.

Huko California, mwaka 2012, alitajwa Chondrocladia lyra, mwenye umbo la kinubi, anayeishi zaidi ya mita 3,000 chini. Mwaka 2014 wakaongezwa wanne, mmoja kwa heshima ya mwanabiolojia Ed Ricketts.

Mto Congo pia una sifongo wake, jenasi Potamolepis, iliyoelezwa mwaka 1883. Hao wanachuja tu. Lakini habari hii inatugusa kwa upande mwingine: kobalti. Kati ya Hawaii na Mexico, katika eneo la Clarion-Clipperton, sakafu ya bahari imejaa mawe ya mviringo yenye manganizi, nikeli, shaba na kobalti, na kampuni zinataka kuyachimba. Hesabu iliyotolewa mwaka 2023 ilikadiria spishi zaidi ya 5,000 za wanyama huko, sifongo wala nyama wakiwemo. Karibu tisa kati ya kumi hazina jina la kisayansi.

Bila jina, hakuna anayeweza kusema kama mnyama huyo anaishi pia kwingine au ni hapo tu. Na hilo ndilo swali la kwanza ambalo ripoti ya mazingira inapaswa kujibu kabla mashine hazijashushwa.