Jiwe ni Letu, Jina Liko Wapi?

Ukiskia msee wa Birongo akibonga ati huku ocha hakuna sanaa, mwitie boda impeleke Keumbu, adandie mathree hadi Kisii tao, aunganishe ya Tabaka. Fare mlipie wewe. Huko ndiko Elkana Ong'esa alizaliwa 1944, na huyo buda anafaa kujulikana kwa kila base ya Gusii venye tunajua majina ya maplaya wa Arsenal.

Ong'esa alikulia kwa wachongaji. Alisomea sanaa Makerere, alafu akavuka hadi McGill, Canada. Tangu 1978, sanamu yake ya ndege wa amani imesimama makao makuu ya UNESCO, Paris. Lakini kile hunibamba zaidi ni kwamba hakunasa majuu. Alirudi Tabaka, akaendelea kupiga wera hapo hapo kwa mawe.

Na hilo jiwe la Tabaka, Kisii stone, manze licheki vizuri. Likitoka shimoni likiwa na unyevu ni laini, unalikata na panga alafu unamalizia na kisu. Kuna jeupe, la pinki, la kijivu. Mara mingi wanaume ndio huchimba na kuchonga, kina mathe wanapiga msasa na maji mpaka liteleze. Hiyo ya kina mathe ni nusu ya wera na hakuna mtu huitaja. Vumbi nayo si ya kuchezea. Wasee kibao huchonga bila maski, na mapafu hayana spea.

Sasa ingia Maasai Market hapo Kanairo. Kisii stone imejaa: twiga, kiboko, simba, ndovu. Pindua moja uangalie chini. Mara nyingi hakuna jina la mchongaji wala kijiji. Mtalii anabeba, anasare, na mkono uliochonga unabaki hivo tu. Sidharau twiga, amelipia watoi wengi karo. Lakini ni nani Birongo ashawahi kuona twiga akikatiza kwa ndizi za nyanyake?

Vitu zetu ndizo sioni kwa hizo rafu. Obokano ya nyuzi 8, na yule mzee aliyeinama nyuma yake akiipiga. Magokoro, yaani nyanya, na kikapu cha majani chai mgongoni, akingoja kupimiwa kilo. Ile nyumba ya nyasi ilibomolewa mabati ikaja, na saizi hata picha yake haiko kwa simu ya mtu. Shamba la sokoro, yaani babu, limekatwakatwa mpaka mabinamu hawasalimiani. Hiyo ndio kumbukumbu yetu, na isipochorwa na mtoi wa hapa, hakuna mgeni atakuja kuichora.

Huhitaji shimo la Tabaka ndio uanze. Kama uko na fonu, piga picha. Kama uko na penseli, chora soko la Birongo venye liko leo, kabla lijengwe upya. Muulize magokoro nyumba ilikuwa na mlango upande gani, umchoree, akukosoe, uchore tena. Ukimada, andika chini jina lako, mwaka, na Birongo. Na kama unauza, usikubali mnunuzi akwambie ufute.