Je, Wajua? Tende Kati ya Matabaka Mawili ya Oti

Je, wajua kwamba kwenye nyanda za magharibi mwa Kanada, huko Alberta, Saskatchewan na Manitoba, kuna kitafunio cha oti na tende kinachoitwa keki ya ndoa? Mashariki mwa nchi hiyo hiyo wanakiita vipande vya tende basi, lakini ni kitu kile kile: chini tabaka la oti zilizofikichwa kwa siagi, unga na sukari ya kahawia, katikati tende zilizopikwa hadi zikapondeka, juu oti tena. Huokwa kwenye trei na kukatwa miraba. Mtende hauwezi kuota huko Saskatchewan hata kwa dawa, na majira ya baridi yanapoingia, matunda mabichi ya shambani hayapatikani kwa miezi mingi. Tende kavu ilikuwa miongoni mwa matunda machache yaliyoweza kuvuka bahari na kufika jikoni bila kuoza. Jinsi ilivyofika Amerika Kaskazini ndiyo habari kubwa ndani ya kitafunio hiki, na sehemu ya njia yake inapita Unguja.

Lakini kwanza oti zenyewe.

Je, wajua kwamba oti zilianza kama magugu? Ngano na shayiri zililimwa Mashariki ya Kati zaidi ya miaka 10,000 iliyopita, na katikati ya mashamba hayo oti zikawa zinaota zenyewe bila kualikwa. Mbegu zake zilichanganyika na mbegu za ngano, zikasafiri na wakulima kuelekea kaskazini mwa Ulaya. Kule kwenye baridi, mvua nyingi na udongo usio na rutuba, ngano ilisuasua na gugu likastawi. Wakulima wakaona heri kulilima lenyewe, na hiyo ni kama miaka 3,000 tu iliyopita, jambo linaloifanya oti kuwa mdogo kwa umri miongoni mwa nafaka kubwa za dunia. Hata mwaka 1755, Samuel Johnson alipotoa kamusi yake ya Kiingereza, aliieleza oti kuwa ni nafaka ambayo England hulishwa farasi na Scotland hulisha watu. Waskoti hawakuona haya: uji wao wa oti wenye chumvi na mikate yao myembamba ya oti ipo mezani hadi leo. Kwetu Afrika Mashariki, ukipita Nyandarua nchini Kenya utakuta oti mashambani, ila nyingi ni chakula cha ng'ombe wa maziwa.

Je, wajua kwamba oti za pakiti si mbichi, hata kama wewe hujazipika? Oti ina mafuta mengi kuliko ngano au mchele, na ndani yake mna kimeng'enya kinachoanza kuyavunja mafuta hayo mara tu punje inapopondwa. Ikiachwa hivyo, baada ya siku chache huchacha na kuwa chungu. Ndiyo maana kiwandani punje huvukizwa kwanza kwa mvuke ili kukiua kimeng'enya hicho, kisha hupitishwa kati ya magurudumu ya chuma na kutoka zikiwa bapa. Kwa sababu hiyo pia oti hizo huiva haraka. Mwaka 1877 kampuni moja ya kusaga nafaka huko Ravenna, Ohio, ilisajili alama yenye picha ya mtu aliyevaa mavazi ya kale ya dhehebu la Quaker, na alama hiyo bado inauza oti madukani kwetu. Mwaka 1908 mapishi ya biskuti za oti yakachapishwa kwenye boksi lenyewe. Hapo oti ilianza kutoka kwenye sufuria ya uji na kuingia kwenye oveni za watu wa kawaida.

Kuhusu afya, maneno ni mengi, kwa hiyo nitasema lile lenye ushahidi. Oti ina ufumwele unaoyeyuka uitwao beta-glukani, ndio unaoufanya uji wake uwe na ule utelezi. Tumboni hushikamana na asidi za nyongo na kutoka nazo, na ini hulazimika kuchukua kolesteroli kwenye damu ili kutengeneza nyingine. Mwaka 1997 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani iliruhusu watengenezaji kuandika kwamba gramu 3 za ufumwele huo kwa siku, ndani ya mlo wenye mafuta kidogo yaliyoshiba na kolesteroli kidogo, zinaweza kupunguza hatari ya ugonjwa wa moyo. Gramu hizo 3 hupatikana kwenye gramu 60 hadi 75 hivi za oti kavu. Kipande kimoja cha kitafunio chetu hakifiki huko. Kina wema wake, lakini kikijazwa sukari vikombe viwili hakuna ufumwele utakaokifanya kiwe chakula cha mwenye kisukari, na tende nayo ni tamu vya kutosha. Mimi napendekeza tende zibebe utamu na sukari ipunguzwe hadi nusu ya kile kinachotajwa kwenye mapishi mengi ya ughaibuni. Jambo jingine: oti haina gluteni ya ngano, lakini mara nyingi husagwa kwenye mashine zile zile za ngano, hivyo asiyeweza kabisa kula ngano atafute pakiti iliyoandikwa wazi kuwa haina gluteni.

Sasa tende.

Je, wajua kwamba tende zilifika New York kwa meli ya Seyyid Said, mtawala wa Omani na Unguja? Meli hiyo, Sultana, ilitoka Maskati ikiwa na shehena ya tende, ikapita Unguja kupakia pembe za ndovu, karafuu, sandarusi na ngozi, na tarehe 30 Aprili 1840 ikatia nanga New York. Tende zilikuwa magunia 1,300. Aliyeongoza msafara alikuwa Ahmad bin Naaman, mtu wa kuaminika wa Seyyid, na watu wa New York walijazana bandarini kumtazama. Mchoraji Edward Mooney alimchora akiwa na kilemba chake. Zawadi kwa Rais Martin Van Buren zilikuwemo melini, farasi wawili wakiwa miongoni mwake. Ilipogeuza kurudi, Sultana ilibeba majora ya kitambaa cha marekani, shanga na bunduki. Miaka 7 kabla ya safari hiyo, mwaka 1833, Seyyid Said na Marekani walikuwa wametiliana saini mkataba wa biashara, na wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts, walikuwa wakionekana Unguja mwaka baada ya mwaka.

Wamarekani wakaipenda tende. Waliyoipenda zaidi ilikuwa fardhi ya Omani, ile nyeusinyeusi, ngumu kidogo, inayostahimili safari ndefu. Kufikia mwisho wa karne ya 19 meli za mvuke zilikuwa zikishindana kuwahisha mavuno mapya New York kabla ya sikukuu za mwisho wa mwaka. Familia zilizooka tende kwa Krismasi ziliona tunda tamu ndani ya boksi la mbao, na boksi halikusema nani aliyelitunza tunda hilo.

Walioutunza mtende, wengi wao, walikuwa watu wetu. Pwani ya Batinah huko Omani haina mto wa kutegemea. Maji yalivutwa visimani kwa ng'ombe na kamba, mchana na usiku, na kazi hiyo ilifanywa kwa sehemu kubwa na watumwa waliotolewa Afrika Mashariki, pamoja na kupanda mitende, kuichavusha, kukata vichala na kufunga mizigo. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873 kwa mkataba ambao Sultani Barghash aliutia saini kwa kushinikizwa na Waingereza, lakini majahazi yaliendelea kuvusha watu kwa siri, wakiwemo watoto wengi, kwa sababu kadiri Ulaya na Marekani zilivyozidi kununua tende na lulu za Ghuba, ndivyo mashamba na mashua za kuzamia lulu zilivyozidi kutaka mikono. Mwanahistoria Matthew Hopper ameyaandika haya kwa kina katika kitabu chake cha mwaka 2015. Nayataja hapa kwa sababu katika vitabu vya mapishi tende husifiwa kuwa tunda la baraka, na ni tunda la baraka kweli, tunafuturia nalo kila Ramadhani; lakini wale walioyavuta maji yake Batinah wanastahili kutajwa panapotajwa utamu wake. Wazao wao wapo Omani na nchi za Ghuba hadi leo, na ngoma kadhaa za huko zina asili ya pwani yetu.

Biashara hiyo ya tende iliporomoka Wamarekani walipoanza kuotesha mitende yao wenyewe. Wataalamu wa wizara yao ya kilimo walizunguka Algeria, Iraki na Maskati wakikusanya machipukizi na kuyapanda kwenye jangwa la California. Mwaka 1927 mmoja wao, Walter Swingle, alitoa Moroko machipukizi 11 ya aina ya Medjool, wakati ugonjwa wa kuvu ulipokuwa ukiimaliza mitende ya nchi hiyo. Yaliwekwa karantini Nevada, mawili yakafa, 9 yakapona, na mashamba ya Medjool ya Marekani yamezaliwa na hayo 9.

Kwa nini chipukizi na si kokwa? Kwa sababu mtende una dume na jike. Ukipanda kokwa, hujui utapata yupi, wala tunda halitafanana na la mama yake. Chipukizi linalokatwa ubavuni mwa mti ni mti ule ule. Na hata hapo kazi haijaisha, maana upepo peke yake hauchavushi vizuri: mtu hupanda mtini na maua ya dume na kuyafunga ndani ya vichala vya jike. Dume mmoja hutosha majike karibu 50.

Kokwa nayo ina maajabu yake. Katika ngome ya Masada, karibu na Bahari ya Chumvi, wanaakiolojia wa miaka ya 1960 walikuta kokwa za tende zenye umri wa takriban miaka 2,000. Mwaka 2005 mtaalamu wa mimea Elaine Solowey alipanda baadhi yake, na moja ikaota. Mti huo ulipewa jina la Methusela na ukawa dume. Nyingine za kale zilipandwa baadaye, zikapatikana majike, na mmoja wao, Hana, alichavushwa kwa chavua ya Methusela akazaa tende za kuliwa.

Kabla ya mapishi, kwa kifupi tu, ndugu wawili wa kitafunio hiki: wazo la tunda kavu ndani ya unga lilipata mashine yake Marekani mwaka 1891, pale James Henry Mitchell alipobuni faneli ndani ya faneli, ya ndani ikitoa tini zilizopondwa na ya nje ikitoa unga kwa wakati mmoja. Na Australia biskuti za oti, nazi na shira zinazohusishwa na wanajeshi wa Vita Kuu ya Kwanza zinalindwa na kanuni za serikali: jina lake, Anzac, haliruhusiwi kutumiwa ovyo kibiashara, na mapishi hayatakiwi kubadilishwa kupita kiasi.

Ukitaka kuoka vipande hivi nyumbani, chukua gramu 250 za tende zilizotolewa kokwa, kikombe kimoja cha maji na robo kijiko cha chai cha magadi soda, uweke jikoni. Tazama sufuria: magadi hulegeza maganda, maji hugeuka kuwa povu la kahawia, na baada ya dakika chache mwiko ukipita huacha njia inayojifunga polepole. Hapo epua, kamulia ndimu moja ili kukata utamu, tia iliki. Fikicha vikombe 2 vya oti, kimoja cha unga wa atta, gramu 150 za siagi, nusu kikombe cha sukari ya kahawia na chumvi kidogo. Gandamiza nusu yake kwenye trei, tandaza tende, mimina iliyobaki juu. Oka nyuzijoto 180 kwa dakika 30 hadi 35. Asiye na oveni atumie sufuria nzito na moto wa juu na chini kama wa mkate wa kumimina, mkaa mwingi ukiwa juu ya kifuniko na kidogo tu chini, la sivyo chini kutaungua kabla ya juu kupata rangi.

Wengi wa pwani hupenda kuweka mafuta ya nazi badala ya siagi. Ladha ni nzuri, ila mafuta ya nazi huyeyuka kwenye nyuzijoto 24 hivi, na Mombasa au Dar es Salaam joto la mchana kwa kawaida huwa juu ya hapo. Vipande vitabomoka mkononi. Changanya nusu kwa nusu na siagi, viache vipoe kabisa kabla ya kukata, na uvitie kwenye mkebe unaofunga barabara, kwa sababu sukari ya tende huvuta unyevu wa hewani na kufikia kesho yake juu patakuwa pananata.