Majibu ya kusahihishiwa upya yakichelewa, mwanafunzi aende wapi?

Wazazi wenye watoto wanaosoma India huniuliza swali moja: kijana amefeli somo, amelipa ada karatasi yake isahihishwe upya, miezi inapita na chuo kimenyamaza. Sheria inamsaidiaje?

Nami nilisoma Pune. Majibu ya karatasi yangu yalitoka mtihani wa marudio ukiwa umeshapita. Alama zikichelewa, hata zikiwa nzuri, nafasi ya kazi imekwenda. Kwa mgeni kuna na viza, nayo haimsubiri msahihishaji.

Wahindi wenyewe yamewakuta. Mwaka 2017 Chuo Kikuu cha Mumbai kilianza kusahihisha kwa kompyuta, matokeo yakachelewa mno, na Oktoba mwaka huo makamu mkuu wa chuo akaondolewa.

Pa kuanzia ni chuoni. Kanuni za malalamiko ya wanafunzi za mwaka 2023, zilizotolewa na tume inayosimamia vyuo vikuu nchini humo, zinataja kuchelewesha matokeo kupita ratiba kuwa ni lalamiko halali. Kamati ya chuo inatakiwa kutoa taarifa ndani ya siku 15 za kazi. Asiyeridhika ana siku 15 za kukata rufaa kwa mwamuzi maalumu wa malalamiko. Lalamika kwa maandishi na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri. Maneno ya dirishani kwa karani hayana ushahidi.

Mwanafunzi Mhindi ana njia nyingine, Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2005. Mwaka 2011 Mahakama ya Juu iliamua kwamba karatasi iliyosahihishwa ni taarifa ambayo mtahiniwa anaweza kuiona. Lakini sheria hiyo imewapa haki raia. Kijana wetu hayumo, na sioni kwa nini aliyelipa ada kubwa kuliko mwenyeji anyimwe karatasi yake mwenyewe.

Mahakama Kuu lakini haijamfungia mlango. Ibara ya 14 ya Katiba ya India, inayohusu usawa mbele ya sheria, inamlinda mtu yeyote, na ibara ya 226 inaiwezesha mahakama kukilazimisha chuo cha umma kutimiza wajibu wake. Wengi huharibu hapa kwa kumwomba jaji awape alama. Mwaka 1984, na tena 2018, Mahakama ya Juu ilionya kwamba majaji si wasahihishaji, na kwamba kusahihishiwa upya si haki pale kanuni zisiporuhusu. Ombi lenye nguvu ni dogo: kanuni zenu zinaruhusu, ada mmepokea, basi toeni majibu kabla ya tarehe fulani. Barua ya wakili yenye madai hayo itangulie, pengine itatosha.

Wakati huo huo ajiandikishe mtihani wa marudio, maana dirisha la kujiandikisha halisubiri kesi.