Deni la Dukani na Ruhusa ya Kujitetea

Mwenye duka wa Garbatulla huleta sukari, mchele na unga kutoka Isiolo, mara nyingi kwa mkopo. Naye huwakopesha wafugaji mpaka siku watakapouza mifugo. Mvua ikikosekana, ng'ombe hukonda, bei huanguka, na deni hubaki pale pale. Wengi walionja taabu hiyo katika ukame wa miaka ya 2020 hadi 2023. Kisha siku moja huja samansi.

Tuseme mwenye duka mmoja anadaiwa shilingi 600,000. Ni kweli alikopa, lakini magunia ya shilingi 150,000 hayakumfikia, na shilingi 200,000 amekwisha kuzilipa kwa simu. Afanye nini? Wako watu ambao huikunja samansi na kuitia mfukoni, wakidhani kwamba siku ya shauri wataeleza yote kwa mdomo. Hilo ni kosa kubwa. Asiyeitika samansi kwa maandishi katika muda uliotajwa ndani yake aweza kuhukumiwa bila kusikilizwa.

Hata aliyeitika, ikiwa bado hajaleta majibu ya madai, yumo hatarini. Amri ya 36 ya Kanuni za Mashauri ya Madai za Kenya za mwaka 2010 humruhusu mdai wa fedha zenye hesabu iliyo wazi kuomba hukumu ya mkato, yaani hukumu pasipo shauri kusikilizwa kwa urefu. Asili ya utaratibu huu ni Uingereza, ambako sheria ya mwaka 1855 iliwasaidia wafanya biashara wenye hati za ahadi ya kulipwa. Mwaka 1969, katika shauri la Zola na Ralli Brothers, Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki ilieleza kusudi lake: mtu mwenye haki iliyo wazi asizuiliwe fedha zake kwa hila za kuchelewesha.

Lakini sheria haikumfungia mdaiwa mlango. Aweza kuomba ruhusa ya kujitetea, akieleza sababu zake kwa hati ya kiapo au kwa ushahidi wa mdomo. Hapaswi kuthibitisha wakati huo kwamba atashinda. Yatosha aonyeshe kwamba liko jambo la kweli linalostahili kusikilizwa. Kusema tu, "Sidaiwi," hakutoshi. Ataje tarehe na idadi ya magunia, aambatishe hati za kupokelea mali na ujumbe wa malipo uliomo katika simu.

Hapo mahakama yaweza kumpa ruhusa bila sharti, au kwa sharti, kama vile kuweka dhamana. Ikiona hana hoja, itamhukumu alipe. Tena yaweza kuligawa deni. Mwenye duka wetu akikiri shilingi 250,000, atahukumiwa kulipa hizo mara moja, na kuhusu 350,000 zilizobaki aweza kuruhusiwa kujitetea.

Yafaa kukumbuka mambo mawili. Kwanza, ukame si utetezi. Umaskini haufuti deni, ingawa mdaiwa aweza kuiomba mahakama alipe kidogo kidogo. Pili, Waislamu wa Garbatulla wasidhani kwamba shauri la namna hii ni la Kadhi. Kwa Katiba ya mwaka 2010, Kadhi huamua mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi. Deni la biashara huenda kwa hakimu.

Basi mtu akipokea samansi, asingoje siku ya mwisho. Aisome, aitafutie mshauri, aijibu. Na kabla ya siku hiyo haijafika, aandike kila gunia linaloingia na kila shilingi inayotoka, kwa maana wahenga walisema: Mali bila daftari hupotea bila habari.