Papa, Mamba na Moyo wa Kima

Katika kitabu cha hadithi za Unguja kilichopigwa chapa London mwaka 1870 mna kisa kiitwacho "Punda wa Dobi". Wanafunzi wengi wamekwisha kukisikia, ama shuleni ama nyumbani, ijapokuwa si wote wanaokijua kwa jina hilo. Kima alifanya urafiki na papa. Palikuwa na mkuyu mkubwa ulioota kilindini, nusu ya matawi yake juu ya mji na nusu juu ya bahari. Kima akila kuyu humwangushia rafiki yake majini. Siku moja papa akamwalika kwao, akamchukua mgongoni. Walipofika katikati ya safari akamfunulia siri: sultani wao yu mgonjwa sana, na dawa aliyoambiwa ni moyo wa kima. Kima akajibu kwamba angalijua mapema angaliuchukua, kwani kima watembeapo huiacha mioyo yao mitini. Papa akamrudisha. Kima akaupanda mkuyu, akakaa kimya. Alipoitwa tena alimwuliza papa kama amemfanya punda wa dobi, ndipo akamhadithia habari za punda huyo.

Punda alikuwa mali ya dobi. Sungura alimshawishi mpaka akafika kwa simba, lakini simba hakuwa na nguvu za kumwua, na punda akakimbia. Sungura akamfuata tena, akamdanganya mara ya pili, na safari hii punda akauawa. Simba alitaka moyo na masikio tu. Sungura akavila mwenyewe. Alipoulizwa viko wapi akasema kwamba punda yule hakuwa na moyo wala masikio, maana angalikuwa navyo asingalirudi.

Aliyeiandika hadithi hii ni Edward Steere, padre wa Misheni ya UMCA, aliyefika Unguja mwaka 1864 na baadaye akawa Askofu. Aliwasikiliza wenyeji wakisimulia, akayaandika maneno yao kwa Kiswahili na kuyatia tafsiri ya Kiingereza upande wa pili. Watu wa Kisarawe wana sababu ya kumkumbuka, kwa kuwa chuo cha misheni hiyo kilichokuwa Kiungani, Unguja, ndicho kilichohamishiwa Minaki mwaka 1925, na Minaki hivi leo ni shule ya Serikali.

Sasa hadithi hiyo, pamoja na ile ya punda iliyomo ndani yake, imo katika kitabu cha kale cha Bara Hindi kiitwacho Panchatantra, yaani Mafungu Matano, kilichoandikwa kwa Kisanskriti. Kitabu chenyewe chasema kwamba mfalme mmoja alikuwa na wana watatu wajinga wasiopenda kusoma, na mzee Vishnusharman akaahidi kuwaerevusha kwa muda wa miezi sita kwa kuwasimulia hadithi za wanyama. (Walimu wetu watasema miezi sita ni michache.) Fungu la nne laanza na kima na mamba. Mti si mkuyu, bali ni ule ambao Wahindi huuita jambu na sisi huuita mzambarau. Wala hapana sultani mgonjwa. Mke wa mamba alizionja zambarau alizoletewa na mumewe, akafikiri kwamba anayekula matunda matamu namna ile kila siku hana budi kuwa na moyo mtamu kuliko hayo matunda, akautaka aule. Punda wa dobi yumo vilevile, ila mdanganyifu wake si sungura, ni mbweha.

Ilifikaje Unguja? Njia moja yajulikana vizuri. Katika karne ya 6 Anushirwani, mfalme wa Uajemi aliyetawala toka 531 hata 579, alipata tafsiri ya kitabu hicho kutoka kwa tabibu wake aitwaye Burzoe. Waajemi husimulia kwamba tabibu huyo alikwenda Bara Hindi kutafuta majani yawezayo kuwafufua wafu, akarudi na kitabu. Tafsiri yake imepotea, lakini katika karne ya 8 Abdallah ibn al-Muqaffa aliigeuza kwa Kiarabu, nayo ndiyo Kalila na Dimna, iliyosomwa popote Kiarabu kilipofika. Humo mamba amekuwa kobe wa majini, na mti umekuwa mtini. Kutoka Kiarabu ikaenda kwa Kiyunani, Kiebrania na Kilatini. Mwingereza Thomas North aliitoa kwa lugha yake mwaka 1570, na mwaka 1678 Mfaransa La Fontaine alikiri kwamba sehemu kubwa ya hadithi zake mpya aliipata kwa Pilpay, mwenye hekima wa Bara Hindi. Basi hadithi iliyosimuliwa Unguja chini ya mwembe ina ndugu waliokaa katika nyumba za wafalme wa Ulaya.

Msomaji aweza kuuliza: twajuaje kuwa hawa ni ndugu, si watu waliofanana sura tu? Swali hili ndilo kiini cha kazi ya kulinganisha fasihi, nalo halijibiwi kwa haraka. Mnyama mdogo kumshinda mkubwa kwa akili si ushahidi wa kitu chochote; kila taifa lina hadithi za namna hiyo. Hata moyo ulioachwa mtini, ingawa ni wazo la ajabu, pengine waweza kubuniwa mara mbili. Lakini kima anayekwepa kifo kwa kusema moyo wake uko mtini, kisha akiwa juu ya mti huohuo anamsimulia adui yake habari za punda wa dobi asiye na moyo wala masikio! Visa viwili visivyolazimiana, vimefungwa pamoja kwa fundo lilelile, hapa na kule. Bahati haifungi fundo la namna hiyo mara mbili.

Yafaa hata hivyo kujihadhari na ushahidi mwepesi. Wapo watakaolishika neno "dobi" lenyewe, ambalo ni la Kihindi, na kusema kwamba hadithi ilikuja moja kwa moja toka Bara Hindi katika majahazi ya biashara. Huenda ilikuja hivyo. Lakini neno dobi lilikuwa Kiswahili cha kila siku huko Unguja, na msimulizi aliyeipata hadithi kwa Kiarabu angesema dobi vilevile, kwa kuwa hilo ndilo jina la mfua nguo. Mkuyu nao wavuta upande mwingine. Mkuyu na mtini ni miti ya jamii moja, kwa hiyo Unguja yaelekea kuwa karibu zaidi na Kalila na Dimna kuliko na mzambarau wa Panchatantra. Walakini Jataka, hadithi za Kibuddha zilizoandikwa kwa lugha ya Kipali, nazo zina kima na mamba, na humo kima amwonyesha mamba mti wa jamii ya mtini wenye matunda yaliyoning'inia vichala, akisema ndiyo mioyo ya kima. Mimi nadhani njia ya Kiarabu ndiyo yenye nguvu, lakini sitashindana na mtu.

Sultani mgonjwa ndiye anayenivutia zaidi. Hayumo katika Panchatantra, wala katika Kalila na Dimna, ambamo mke wa kobe ajifanya mgonjwa kwa wivu. Lakini yuko Korea. Kitabu cha historia cha Wakorea cha mwaka 1145 chasimulia kwamba binti wa Mfalme wa Bahari aliugua, na dawa yake ikawa ini la sungura. Kobe akamdanganya sungura na kumchukua mgongoni, na sungura akajiokoa kwa kusema kwamba ini lake ameliacha nchi kavu. Katika masimulizi ya baadaye mgonjwa ni mfalme mwenyewe. Je, Wakorea na Waswahili waliambiana? Sioni sababu ya kufikiri hivyo. Nadhani wasimulizi wa pande mbili, wasiojuana kabisa, walifanya badiliko lilelile kwa haja ileile. Mke mwenye wivu hufanya kisa kuwa cha nyumbani. Mfalme mgonjwa humfanya papa kuwa mtumishi aliyetumwa, na usaliti wake huwa wa amri. Kwa watu waliokaa chini ya masultani, jambo hilo halikuhitaji maelezo.

Hapo ndipo penye ubishi ambao husikika kila fasihi simulizi inapofundishwa. Wengine husema hadithi hizi ni za Wahindi na Waarabu, sisi tulizikariri tu. Theodor Benfey, Mjerumani aliyeitafsiri Panchatantra mwaka 1859, alisema hivyo hata juu ya Ulaya, kwamba ngano zake nyingi zilitoka Bara Hindi. Wengine hukasirika, wakakataa kwamba kuna chochote kilichokuja toka ng'ambo. Wote wawili huulizia mahali pa kuzaliwa tu. Lakini tazama alivyofanya msimulizi wa Unguja. Alimtoa mbweha, akamweka sungura, ambaye ndiye mjanja wa hadithi katika sehemu kubwa ya nchi za Kibantu, naye akaingia kana kwamba nafasi ile iliwekwa kwa ajili yake. Alimtoa mamba wa mtoni, akamweka papa wa baharini. Maneno "moyo" na "masikio" hakuhitaji kuyageuza, kwa kuwa mtu asiye na masikio ni yule asiyesikia la mtu, na moyo kwetu pia ndipo panapokaa fikira.

Mambo ya namna hii hayakwisha zamani. Mwalimu Julius Nyerere alipoitafsiri tamthilia ya Shakespeare na kuipa jina Mabepari wa Venisi, kitabu kilichotolewa mwaka 1969, alituletea pia yale masanduku matatu ya dhahabu, fedha na risasi. Mchezo wa kuchagua sanduku kwa sura yake umo katika hadithi ya Kikristo ya Barlaam na Josaphat, ambamo masanduku ni manne: yaliyopakwa dhahabu yana mifupa ya wafu, na yaliyopakwa lami yana vito. Na Josaphat huyo, ambaye Wakristo walimheshimu kama mtakatifu, ni Buddha mwenyewe. Jina lake limetoka katika neno Bodhisattva, likibadilika kila lilipovuka lugha. Mwanafunzi asomaye Mabepari wa Venisi ameshika uzi mwingine wa Kihindi, uliopita Uingereza.

Shule za Kibaha na Minaki hupokea wanafunzi wa mikoa mbalimbali, na kila mmoja huja na hadithi za kwao. Wakipewa kazi ya kuziandika, wengi huwa na tabia ya kuzisahihisha: bibi alisema mamba, kitabu kimesema papa, basi huandika papa. Hiyo ni hasara. Magharibi ya Kibaha upo Mto Ruvu, wenye mamba, na mikuyu hupenda kando ya mito. Msimulizi wa huko asiyejua papa, akimweka mamba chini ya mkuyu, atakuwa ameirudisha hadithi karibu na ilivyokuwa Bara Hindi zaidi ya miaka 1,400 iliyopita, bila kusoma neno la Kisanskriti. Mwenye kuiandika aiandike kama alivyoisikia, na kando aandike jina la kijiji, mwaka, mti uliotajwa, nani alikuwa mgonjwa, na kama punda alikuwamo.