Shtaka na Tuhuma: Asili na Mipaka ya Maana

Neno shtaka, au shitaka kama wengine waliandikavyo, hutumika mahali pawili palipotengana sana kwa hadhi. Katika nyumba za mtaa wa Elgon View mjini Eldoret, kama penginepo nchini Kenya, mtoto aliyeonewa humwambia mwenziwe, 'Nitakushtaki kwa mama.' Katika mahakama za mji huo huo, mtu mzima husomewa mashtaka na kutakiwa ajibu. Matumizi haya yana shina moja, na historia ya shina hilo yaonyesha jambo linalosahauliwa mara nyingi: shtaka ni lalamiko, si hukumu.

Shina lenyewe ni la Kiarabu. Kitenzi ishtaka kimetokana na mzizi sh-k-w, wenye maana ya kulalamika. Hata mgonjwa aelezaye maumivu yake hukitumia. Sauti t iliyomo si ya mzizi, bali ni kiambishi cha unyambuaji. Kwa hiyo neno hili halina udugu na shaka, lililotoka katika mzizi mwingine, sh-k-k. Kiswahili kiliidondosha irabu ya mwanzo, kisha kikalitia neno katika sarufi ya Kibantu: mshtaki ni mwenye kulalamika, na mshtakiwa, kwa kiambishi -w- cha kutendwa, ni yule anayelalamikiwa. Shtaka, basi, ni neno la kinywa. Sheria ilipotaka lalamiko liandikwe, ilibidi neno jingine liongezwe: hati ya mashtaka.

Jirani ya shtaka ni tuhuma, nalo la Kiarabu, kutoka mzizi w-h-m wenye maana ya kudhani. Kiarabu cha mahakamani hutumia ittiham, neno la mzizi huu wa dhana, kwa shtaka rasmi. Kiswahili kimefuata njia yake: tuhuma imebaki katika hatua ya kushuku, na shtaka limepewa hatua ya kumfikisha mtu mbele ya mwenye mamlaka.

Wakazi wa Eldoret waliiona tofauti hii waziwazi. Kufuatia ghasia zilizozuka baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, Mwendesha Mashtaka wa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai aliwataja Wakenya sita mnamo Desemba 2010. Hao walikuwa watuhumiwa. Tarehe 23 Januari 2012 majaji walithibitisha mashtaka dhidi ya wanne, miongoni mwao William Ruto na Joshua arap Sang, ambao kesi yao ilihusu Bonde la Ufa, Eldoret ikiwamo. Wanne hao wakawa washtakiwa. Mashtaka dhidi ya Henry Kosgey hayakuthibitishwa, naye hakufikia hatua hiyo. Tarehe 5 Aprili 2016 kesi ya Ruto na Sang ilikomeshwa na mashtaka yakafutwa, pasipo hukumu ya kuwatia hatiani wala ya kuwaondolea hatia.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 50, yaagiza kwamba mshtakiwa achukuliwe kuwa hana hatia hadi ithibitishwe vingine, na kwamba aelezwe shtaka kwa kina cha kumwezesha kulijibu, kwa lugha anayoielewa. Sharti hili la lugha lawagusa wakalimani, waandishi wa habari na walimu wa Kiswahili. Amwitaye mtuhumiwa mshtakiwa, au mshtakiwa mhalifu, humsukuma mtu hadi hatua ambayo sheria haijamfikisha.